Meza ya mvua

Jumanne, Katuba, mtaa wa Lubumbashi, Kongo

Kinda alikufa alfajiri. Mtoto wa kaka yangu, mwenye miaka tisa, alimkuta amelala ubavu ndani ya boksi la viatu, mdomo wazi, manyoya machache ya kifua yameshikana kwa maziwa makavu. Alikuwa mtoto wa mnana, yule ndege wa manjano anayesuka viota vya kuning'inia. Dhoruba ya siku ya Noeli ilikuwa imeangusha kiota chao kutoka kwenye mwembe wa uani. Siku mbili nzima kijana alimlisha mkate uliolowekwa kwenye maziwa, na sisi wakubwa tulipita pale tukimsifu kwa huruma yake. Mimi ndiye niliyepaswa kumkataza. Ndege nimewapenda na kuwafuatilia tangu usichana wangu, lakini siku zile nilikuwa na wageni, sikuinama kuangalia ndani ya boksi.

"Lakini alikuwa anakula, tantini. Kila nikisogeza kidole anafungua mdomo."

Kinda hufungua mdomo kwa chochote kinachotikisa kiota chake, hata kama ni upepo. Ndege hawanyonyeshi, na matumbo yao hayajui la kufanya na sukari ya maziwa. Mkate nao unajaza tumbo bila kujenga mwili. Halafu kuna jambo ambalo hata mkulima aliyewafukuza minana miaka mingi anaweza asilijue: mnana mkubwa anaishi kwa mbegu, anatuibia mtama mchana kweupe, lakini watoto wake huwalea kwa wadudu. Viwavi laini, panzi wachanga, buibui. Kinda aliyetoka kwenye yai akiwa uchi anapaswa kuota manyoya na kuruka baada ya wiki mbili tatu, na mbegu za nyasi peke yake hazimfikishi huko.

Tulimzika chini ya mwembe. Kijana akauliza bila kuniangalia: "Na wale wengine wanakula nini?"

Tulikuwa tumepanga kwenda Kapolowe kwa mjomba wangu, kula naye Bonane, sikukuu ya Mwaka Mpya. Usiku ule nikampigia simu kwamba tunakuja mapema, na kwamba nakuja na mtu mwenye swali.

Jumatano, bado Katuba

Hatukuondoka. Mvua ilianza saa sita mchana, ikapiga mabati mpaka tukawa tunaongea kwa kupiga kelele. Ilikatika saa kumi, jua likatoka kali, na ardhi ikaanza kufuka mvuke. Nikamwambia kijana avae viatu.

Nyuma ya mtaa wetu kuna kichuguu ambacho wafyatua matofali wamekikata nusu. Huku Katanga vichuguu si vya kuruka kwa mguu: vingine vinafika mita 8 kwenda juu, na ukiviona kwa mbali unadhani ni vilima. Udongo wake ndio matofali ya nusu ya nyumba zetu. Tulikaa juu ya rundo la matofali mabichi yaliyofunikwa kwa nailoni, tukasubiri.

Saa kumi na moja na nusu tundu la kwanza likafunguka. Askari wa mchwa walitoka mbele, vichwa vikubwa vyekundu, wakajipanga ukingoni. Nyuma yao wakaanza kumiminika kumbikumbi, ambao Wabemba wanawaita inswa, wakisukumana na mabawa yao marefu kama karatasi ya sigara. Ni mchwa wenye mbegu ya uzazi, dume na jike, ambao kiota kimewanenepesha kwa mafuta ili wakaanzishe miji mipya. Kwa kila aliye njaa hewani na ardhini, kila mmoja ni kidonge cha mafuta kinachoruka polepole na kisicho na silaha.

Kunguru walifika kwanza. Wale wa kwetu, weusi wenye fulana nyeupe, hawakujisumbua kuruka. Walitembea mpaka mlangoni mwa tundu, wakasimama kando kama wateja kwenye foleni ya mikate, na kuokota mmoja mmoja. Shomoro wakashuka. Minana nao wakashuka, wale wale wala mbegu, na kijana akanibana mkono: "Angalia, wanabeba, hawamezi!" Ni kweli. Majike walikuwa wakijaza mdomo wanne watano kwa pamoja, mabawa ya kumbikumbi yakitokeza pembeni kama ndevu, halafu wanaruka moja kwa moja kuelekea miembe yetu.

Juu yetu mbayuwayu waliofika kutoka Ulaya kusubiri baridi yao ipite walikuwa wakikata hewa, midomo wazi. Juu zaidi wakaja mwewe. Mtu wa Lubumbashi anamjua mwewe kama mwizi wa vifaranga na wa nyama pale soko la Kenya, mtaa wa mji wetu, lakini jioni ile nilihesabu 30 na zaidi, na hakuna aliyeangalia kifaranga. Mwewe hapokei kumbikumbi kwa mdomo kama mbayuwayu. Anampitia taratibu, ananyoosha mguu mmoja, anamkamata kwa kucha, halafu bila kutua anainamisha kichwa na kuleta mguu mdomoni, kama mtu anayekula karanga huku anatembea. Mabawa anayaacha. Yalikuwa yakituangukia mabegani, mepesi, yakimeta, na kijana alikuwa akiyakusanya ndani ya kofia yake.

Wamama wa mtaa walikuja na mabeseni na tochi. Hakuna aliyemfukuza ndege, na ndege hawakututoroka. Giza lilipoingia tukaenda nyumbani na kumbikumbi wa kujaza sufuria ndogo. Unawakaanga bila mafuta, maana wanayo yao, unatia chumvi, unakula na bukari, yaani ugali. Kijana aliweka konzi moja ndani ya kopo la maziwa ya unga. Alisema ni ya kinda mwingine, kama ataanguka.

Alhamisi, njiani

Basi liliondoka saa mbili badala ya saa kumi na mbili. Ni kilomita 120 hivi mpaka Likasi, lakini sisi tunashukia kabla.

Kwenye peaje, kizuizi cha kulipia barabara, wakati dereva akibishana juu ya karatasi, kijana aliona panzi amekufa kwenye waya wa miba wa uzio, ametobolewa kifuani. Hatua mbili mbele, mwingine. Halafu mjusi mdogo. Alidhani ni watoto waliofanya ukatili. Mwenyewe alikuwa juu ya nguzo: mbwigu, mweusi mgongoni, mweupe tumboni, mdomo umepinda kidogo kwenye ncha. Ana mdomo wa kipanga lakini miguu ni ya ndege mdogo, haina nguvu ya kushikilia nyama wakati anaichana. Kwa hiyo anaitundika kwenye mwiba, na uzio wa waya kwake ni mti wa miiba uliopandwa na watu. Akishiba, kinachobaki ni akiba ya kesho.

Kutoka pale mpaka tunashuka, nilikuwa nikihesabu baiskeli za makala, yaani mkaa. Vijana wanazisukuma kuelekea mjini, magunia yamepangwa mpaka dereva haoni mbele. Siwalaumu, nimepika kwa makala yao wiki hii. Lakini mti mnene wenye tundu ndio unaopendwa kwenye tanuru, na tundu lile ndilo chumba cha hondohondo. Jike anajifungia humo kwa udongo na mavi, akiacha ufa mwembamba, na dume anamlisha yeye na watoto kupitia ufa ule, tunda kwa tunda, mdudu kwa mdudu, kwa wiki nyingi. Dume anaweza kupata chakula kila siku na bado akose watoto, kwa kukosa mlango wa kukipitishia. Nilipokuwa mdogo hondohondo walikuwa wakipiga kelele zao kando ya barabara hii. Leo sikusikia hata mmoja.

Karibu na Kapolowe Gare tulikuta makorongo wamejipanga kwenye shamba la mahindi, wakitembea bega kwa bega na kuokota panzi. Ni wasafiri, huzaliana kule Saheli na kutufuata sisi wakati wa mvua. Mwenye shamba alikuwa amekaa kivulini akiwaangalia kwa furaha, kama mtu aliyepata vibarua wasiodai mshahara.

Ijumaa, ziwa Tshangalele

Mjomba alituamsha saa kumi na moja. Ziwa hili si la asili: ni mto Lufira uliozuiwa na bwawa la umeme la Mwadingusha, lililoanza kazi mwaka 1930. Maji yalisambaa juu ya nyanda, yakawa mapana na mafupi ya kina, na ndege wakaja. Kuna hata mnana mwenye barakoa nyeusi anayebeba jina la Lufira, ambaye wanasayansi walimwandika rasmi mwaka 1982. Mjomba ameishi naye miaka yote bila kujua kwamba mtu wa Ulaya akimwona huyo anarudi kwao na hadithi.

Tuliingia kwenye mtumbwi. Kijana mbele, mimi katikati, mjomba nyuma na kasia.

Wa kwanza alikuwa mdiria, yule wa madoa meusi na meupe. Alisimama hewani juu ya maji, mwili wima, mabawa yakipiga kwa kasi, kichwa hakitikisiki hata kidogo, kama kimefungwa kwa uzi usioonekana. Halafu akaanguka kama jiwe. Alitoka na samaki wa urefu wa kidole, akatua kwenye mti wa wavu wa mjomba, hatua tano kutoka kwetu, na hapo tukaona kazi yote. Alimpiga samaki kwenye mti, kulia, kushoto, kulia, mpaka akalegea. Akamrusha kidogo, akamgeuza kichwa kimtangulie, akameza.

"Kwa nini kichwa kwanza?" kijana akauliza.

Mjomba alimpa tilapia kutoka kwenye wavu. "Mpapase kutoka kichwa kwenda mkia. Sasa rudi."

Alipapasa, akarudi, mapezi yakamchoma, akaelewa.

Kwenye ghuba ya matete kulikuwa na jambo ambalo nimesafiri miaka kulisubiri. Ndege mweusi, mwembamba, miguu mirefu yenye vidole vya manjano, alikuwa akitembea kwenye maji ya kina cha kiganja. Ghafla alikunja shingo, akafungua mabawa yote mawili na kuyaleta mbele mpaka ncha zikakutana na kugusa maji. Ndege akapotea. Kilichobaki ni mwavuli mweusi uliokaa juu ya ziwa. Sekunde mbili, tatu. Mwavuli ukafungwa, naye akapiga hatua nne, akaufungua tena.

"Anaumwa?" kijana alininong'oneza.

Anawinda. Chini ya mabawa yake kuna giza, mng'ao wa jua juu ya maji umekatika, na anaona samaki kama sisi tunavyoona ndani ya chumba tukiziba mwanga dirishani kwa mikono. Na samaki wadogo wenyewe hupenda kivuli, maana huko ndiko wanakojificha wasionwe na wanaoruka juu. Wanakimbilia kwa mlaji wao. Tulimtazama karibu nusu saa. Mjomba, ambaye humwita tu mwenye mwavuli, aliacha kasia magotini na hakusema wavu wake unasubiri.

Pembeni, korongo wenye domo lisilofumba walikuwa wakila konokono. Mdomo wao una mwanya katikati, hata ukifungwa unaona mwanga upande wa pili. Watu wengi hufikiri mwanya ule ni wa kuvunjia gamba, kama koleo la kuvunjia karanga. Sivyo. Kijana aliokota magamba kumi na zaidi mahali walipokuwa wakila, na karibu yote yalikuwa mazima. Korongo anaingiza ncha ya mdomo wa chini, iliyo nyembamba kama kisu, chini ya kifuniko cha konokono, anakata msuli unaomshikilia, anamvuta nje mzima. Gamba linabaki kama chungu kilichokombwa.

Tukirudi, mjomba alinyamaza sana. Baadaye akaniambia: "Mama, unamwona mdiria? Zamani alikuwa anapiga mara moja, anapata. Siku hizi anapiga mara nne, tano." Kisha akanyooshea kidole watu wawili waliokuwa wakivuta chandarua cha mbu pwani. Chandarua kinachota vifaranga vya samaki kabla havijafika urefu wa kidole. Havijai hata sahani, havifai kuuzwa, na vingekuwa tilapia wa mwakani kwake na chakula cha leo kwa mdiria. Aliwahi kuwaambia, wakamwuliza watoto wao wale nini leo. Hakuwa na jibu, na mimi pia sikuwa nalo.

Jumamosi, msituni

Mzee mmoja rafiki wa mjomba, mtafuta asali, alikubali kutuchukua. Tulitembea saa nzima chini ya miti kabla hajasimama na kuanza kupiga mluzi mrefu, akigonga gogo kwa shoka. Akasubiri. Akapiga tena.

Jibu lilikuja kutoka juu: mlio wa kukwaruza usiokoma, kama mtu anayetikisa kiberiti kilichojaa nusu. Ndege kiongozi ni wa kijivu, hana uzuri wowote mpaka aruke na kuonyesha nyeupe ya pembeni mwa mkia. Alitua karibu, akapiga kelele, akaruka miti mitatu mbele, akatungoja. Tulipochelewa alirudi kutufuata.

Kila mtu aliyelelewa huku amesikia hadithi zake, lakini hata wataalamu wamempima. Kule hifadhi ya Niassa, Msumbiji, utafiti uliotolewa mwaka 2016 ulionyesha kwamba mwindaji wa Kiyao akitumia mwito maalumu waliorithi kwa baba zao, nafasi ya kuongozwa na ndege huyu inapanda kutoka asilimia 33 hadi 66. Anasikiliza. Anajua mwito upi ni wa mtu wa asali na upi ni kelele tu za binadamu.

Anachotaka si asali. Anataka nta, na viluwiluwi wa nyuki waliomo ndani ya masega. Nta ni chakula ambacho wanyama karibu wote hawawezi kukimeng'enya, yeye anaweza. Asichoweza ni kupasua mti na kuvumilia nyuki. Sisi tuna shoka na moshi.

Ilikuwa karibu saa saba tulipofika kwenye mti wenyewe, na ndege akanyamaza. Mzee alisema kunyamaza huko ndiko kufika. Moshi, shoka, nyuki wakavuma. Mimi nilichomwa mara tatu, kijana mara moja sikioni na hakulia. Njaa ilikuwa imetukamata. Kijana akatoa kopo lake, lile la kinda mwingine, akalifungua, tukagawana wote wanne wale kumbikumbi wa Katuba na asali ya moto ya jua.

Mzee alikata kipande cha sega, akakiweka juu ya jani pana, akarudi nyuma hatua kumi. "Ukimnyima," alimwambia kijana, "safari ijayo anakupeleka kwa nyoka." Tulikaa kimya. Ndege alishuka tawi kwa tawi, akatua kando ya jani, akaanza kung'ata nta kwa mdomo wake mfupi, kipande kidogo, kingine, macho yake kwetu muda wote. Niliona chembe nyeupe ya nta imebaki kwenye ncha ya mdomo, akaifuta kwenye gome.

Njiani nilimweleza kijana upande mwingine wa ndege huyu, maana sitaki ampende kwa nusu. Hajengi kiota. Hutaga kwenye kiota cha ndege mwingine, na kinda wake hutoka na ndoano kali kwenye ncha ya mdomo, ambazo kwazo huwauma na kuwaua watoto wa mwenye nyumba akiwa bado kipofu. Chakula chote kinabaki chake. Kijana alitembea muda mrefu bila kusema, akishika sikio lake lililovimba.

Jumapili, Bonane

Kuku alichinjwa. Mke wa mjomba alipopasua firigisi, alimwita kijana aje aone: punje za mahindi zilizosagika nusu, vijiwe vinne vyeupe, na kipande cha chupa kilichosuguliwa mpaka kikawa laini kama peremende. Ndege hana meno. Anayekula mbegu hubeba jiwe lake la kusagia tumboni. Ndiyo sababu tetere wanashinda barabarani wakidonoa mahali pasipo na chakula chochote.

Kwa desturi firigisi ni ya mwenye nyumba. Mjomba aliipokea kwenye sahani, akaikata vipande viwili, kimoja akampa kijana.

Jumatatu, Katuba

Tulifika saa tisa. Kijana hakuingia ndani. Kwenye mwembe viota vitatu vilikuwa vimesalimika, na kimoja kilikuwa kikilia. Alivuta kiti cha plastiki mpaka ukutani, mbali na mti, akakaa.

Jike la mnana lilikuja na kiwavi cha kijani, likaning'inia mlangoni kichwa chini, likatoka bila kitu. Dakika chache, likarudi na buibui. Kijana alichora mstari mmoja kwa mkaa kwenye ukuta kwa kila safari. Mama yake alimwita mara mbili kwamba bukari inapoa. Alijibu kwamba bado ndege hajamaliza, na giza lilipoanza kushuka kulikuwa na mistari 17.